Neno Tulilokatazwa Miyuji

Mmeniomba niandike, na mnajua sipendi kuandika. Kazi yangu ilikuwa kusikiliza na kunyamaza, na kwa mtu wa aina hiyo kalamu ni mzigo. Lakini mkuu wenu mpya amesema kumbukumbu zangu zitawafaa wanaoanza kazi kituoni, akanipa na kalamu mbili, moja haiandiki. Basi natumia ile nyingine. Ya vyeo sitasema, maana sikupanda vingi, na ya mshahara mnayajua wenyewe. Nitasema ya sinia na uwele, ya Mzee Yona aliyenifundisha kazi, na ya neno moja ambalo sikulitamka tangu siku niliyoingia kituoni mpaka mwezi uliopita nilipostaafu. Nitasema pia ya Elia, aliyeko Kondoa. Neno hilo nilitaka kumwambia yeye, na hadi sasa nalitaka. Nikijifanya nimekumbuka kazi tu, mtanigundua.

Nilifika Miyuji, hapa Dodoma, kutoka chuoni nikiwa na cheti cha mawimbi ya sauti, mwanga na maji. Mawimbi ya hadithi nilikuwa nimeyasoma sura moja tu, ile ya mwisho kitabuni, ambayo mwalimu huwa haifikii kwa sababu muhula umeisha. Kituo cha kupima hadithi kilikuwa nyumba ndefu ya bati, upepo ukiipigia kelele mchana kutwa. Niliukuta mlango umetundikwa blanketi jeusi. Nikabisha hodi.

"Ingia, funga mlango, kaa hapo hapo ulipo, na usiseme lile neno," sauti ilisema kutoka gizani.

"Shikamoo. Neno gani?"

"Marahaba. Ningekutajia ningekuwa nimelisema."

Huyo ndiye Mzee Yona, mpimaji mkuu. Sikumwona sura mpaka saa ya chai, nikakuta ni mzee mrefu mwembamba, amevaa koti la sufu katika joto la Oktoba. Neno lenyewe alinionyesha baadaye kwa kuliandika na kidole kwenye vumbi la ukumbini, kisha akalifuta kwa kiatu. Lilikuwa "njoo".

Kwa nini giza? Kwa sababu wazee wa huku hawasimulii hadithi mchana. Anayesimulia mchana, wanasema, ng'ombe wake watapotea njia ya kurudi. Serikali nayo haimlipi mtu kwa kazi ya usiku, ila awe mlinzi. Ndipo waliotutangulia wakatengeneza usiku wa ofisini, ule wa kuanzia saa moja na nusu asubuhi hadi saa tisa na nusu. Bibi zetu wa kusimulia walikuwa wakifika kutoka Mvumi au Bahi, wanaingia wakipapasa ukuta, wanatusalimu kwa Kigogo, "Mbukwenyi", halafu wanauliza kwa mashaka, "Jua limezama?" Mzee Yona hakuwahi kudanganya mtu. Alikuwa akijibu, "Humu ndani limezama, bibi," na bibi anaridhika, anafungua mdomo.

Mnaoanza mtafundishwa elimu hii kwa maneno marefu. Mimi nilifundishwa kwa mafupi. Hadithi ni wimbi. Linaanzia mdomoni na kupita hewani, lakini haliishii sikioni, linaingia kwenye vitu. Kisima, ukuta, mnyama, mtu, vyote hujipanga upya kidogo kila hadithi inapopita, na hadithi ikipita mara nyingi mahali pamoja, mahali hapo hufanana nayo. Msimulizi akisema "Hadithi, hadithi!" huo ni mwito tu, wimbi bado limelala. Wasikilizaji wakiitikia "Hadithi njoo!" ndipo linaamka na kuanza kuvuta. Nguvu yote imo katika hilo njoo, na ndiyo maana sheria ya kwanza ya kazi ni kwamba mpimaji haitikii. Akiitikia anakuwa anapima sauti yake mwenyewe.

Sheria hiyo ilikua ikawa tabia. Hatukulisema neno lile kituoni wala nyumbani kwa jambo lolote, wala kwa mtu, wala kwa mnyama. Tulisema sogea, karibia, pita huku. Mama Eseri, aliyetupikia chai, alisahau mara moja akamwita paka kwa neno hilo wakati chumbani bibi mmoja alikuwa katikati ya hadithi ya fisi. Paka hakuja. Fisi alikuja, mchana kweupe, akasimama getini kama mtu aliyefuatilia faili lake. Tulibaki ndani mpaka bibi alipomaliza hadithi na kumrudisha fisi porini kwa maneno. Tangu hapo hata Mama Eseri alikuwa anamwambia paka "sogea", na paka alikuwa hasikii kama kawaida yake.

Sasa vifaa. Najua mna mashine mpya, ile iliyokuja katika boksi na bado imo humo. Siku itakapoharibika mtarudi kwenye sinia, kwa hiyo sikilizeni. Sinia liwe la bati jembamba, lisiwe na maua chini. Juu yake unatandaza uwele, safu moja tu, isiyopandana. Msitumie mtama, ni mzito na mkaidi. Ulezi nao huruka hata mtu akipiga chafya chumba cha pili. Uwele ndio wenye adabu: unatulia ukinyamaziwa na unasogea ukisimuliwa. Hadithi ikianza, punje hujipanga mistari, na mistari hiyo inakuonyesha wimbi linaelekea wapi na linavuta nini. Taa ndogo iwekwe pembeni, chini, ili kila punje iwe na kivuli chake. Pumua kwa pua, kuelekea kifuani mwako, kamwe si mbele. Mimi Mzee Yona alinikalisha msimu mzima bila kunigusisha sinia, nikichambua mawe kwenye uwele tu. Nilidhani ananidharau. Kumbe alikuwa ananifundisha kukaa karibu na kitu ninachokitaka bila kukitikisa, na somo hilo nilifaulu kuliko ilivyohitajika.

Elia aliletwa kituoni baada yangu, kuwa mchoraji. Picha ya kamera haikubali katika giza lile, kwa hiyo mtu alihitajika kuichora mistari kwa penseli kabla haijavunjika. Alikuwa kijana wa watu, mpole, mwenye karanga mfukoni siku zote, ingawa ilikuwa marufuku kula karibu na sinia. Tulikaa mimi upande huu na yeye upande ule, taa katikati. Uso wake niliujua zaidi kwa nusu moja, ile ya upande wa taa. Mpaka leo nikimkumbuka, namkumbuka nusu, na hiyo nusu inanitosha kunikosesha hamu ya kula.

Alikuwa mtu wa kuuliza. Siku moja tumekaa kwenye ngazi za nyuma, anamenya karanga, akaniambia, "Dada Damari, hivi ukitaka kumwita mtu na lile neno huruhusiwi, unafanyaje?"

"Nasema sogea."

"Sogea ni ya aliye karibu. Aliye mbali je?"

Nilimwambia aliye mbali anapigiwa simu ya ofisi. Akacheka, akanipa karanga, tukarudi gizani. Swali lake sikulijibu, na yeye hakulirudia.

Kesi ngumu nitawaeleza moja, ya dume la Mzee Petro wa Hombolo, kwa sababu hiyo ndiyo iliyotugawa. Mzee Petro alikuwa mkulima mwenye dume moja la kulimia, jina lake Kijivu. Likapotea. Jioni akawakusanya majirani uani kwake, akalisimulia dume lake tangu lilipozaliwa kiangazi cha njaa, alivyolilisha kwa mkono, lilivyojua njia ya shamba bila kuongozwa. Majirani walimpenda, wakaitikia kwa moyo wote. Asubuhi zizini mwake wakakutwa ng'ombe watatu, na Kijivu hakuwemo. Wote watatu walikuwa wa watu. Mzee Petro akashikwa kwa wizi wa mifugo, na kwa huku hilo si kosa dogo.

Tukaitwa. Mzee Yona aliomba stoo ya kituo cha polisi, tukaziba dirisha kwa blanketi, Mzee Petro akaletwa asimulie upya huku askari wakiitikia kwa aibu. Uwele ulifanya mistari mitatu, kila mmoja ukitoka pembe yake na kuishia pale alipokaa Mzee Petro. Elia alichora, mimi nikasoma. Kisha Mzee Yona akatuongoza kwa wenye ng'ombe wale, nyumba kwa nyumba. Ng'ombe wa kwanza tulimkuta na kidonda cha nira shingoni, kimeoza. Wa pili alikuwa akifungwa kutwa bila maji. Wa tatu, mwenye ng'ombe alikuwa amefariki, na wanawe walikuwa wanagombana ni nani asimchunge.

"Hakuna mwizi hapa," Mzee Yona alimwambia askari. "Mtu amesimulia jinsi anavyopenda mnyama, na wanyama wamesikia. Wimbi halivuti kisichotaka kuja."

"Sasa niandike nini, mzee? Ng'ombe wamejileta?"

"Andika wamejileta."

Mzee Petro akaachiwa. Kijivu alionekana baadaye huko Bahi, katika zizi la mjane mmoja aliyekuwa akimlambisha chumvi kiganjani. Alikuwa amenenepa. Hakusikia mwito, au alisikia akabaki. Mzee Petro alipoambiwa alilia kuliko alivyolia rumande, na hakumfuata. Nilimtazama mzee yule akifuta macho kwa kofia yake na nikajifunza kitu ambacho hakikuwa kwenye cheti changu, kwamba kuna jambo baya kuliko kutoita, nalo ni kuita asije, ukajua.

Tukiwa njiani kurudi, Elia akakataa kauli ya Mzee Yona. Alikuwa amekaa nyuma ya gari na mimi, vumbi likitufuata.

"Mzee, samahani. Hili vumbi linalotufuata linataka kwenda Miyuji? Linapelekwa tu. Wimbi nalo ni hivyo hivyo. Linasomba."

"Liulize vumbi," Mzee Yona akasema bila kugeuka.

Ubishi huo ulidumu miaka. Mzee Yona alishika kwamba wimbi huvuta kinachotaka kuja. Elia alishika kwamba wimbi husomba chochote, na aliyesombwa hudhani ametaka. Mimi nilikuwa katikati nikishika sinia. Mlioko kazini mtaona ni ubishi wa kitaalamu. Kwangu haukuwa hivyo, kwa sababu kila mara Elia aliposema "aliyesombwa hudhani ametaka" alikuwa anatazama uwele, hanitazami.

Mzee Yona alistaafu akaaga mchana wa saa nane. Mkewe, Mama Loi, alikuwa amekuja kumpokea kutoka Makole, anapanda taratibu kutoka barabarani na mwavuli. Mzee alivuka geti, akageuka kutuangalia kama mtoto anayetaka kufanya utundu, akapaza sauti: "Mama Loi! Njoo!" Mwanamke yule alikuwa ameolewa miaka yote akiambiwa sogea. Alisimama, akauangusha mwavuli, akaziba mdomo kwa kanga akicheka, halafu akaja nusu mbio, na uzee wake. Mimi nililia waziwazi. Elia yeye alikuwa ameshakimbilia ndani akaja na sinia, akaliweka juu ya tofali. Uwele haukucheza hata punje.

"Mnaona?" akasema. "Alikuwa anakuja tayari. Hapa hakuna kazi ya wimbi."

"Ndicho ninachowaambia siku zote," akasema Mzee Yona, amemshika mkewe mkono. Kila mmoja akaenda kwake akiamini ameshinda.

Kituo kidogo kilifunguliwa Kondoa, na Elia akahamishiwa huko. Uhamisho unajulikana, unakuja kwenye bahasha na hauulizi mtu. Nilimsindikiza stendi asubuhi. Alikuwa na begi moja, sinia lake limefungwa kwenye shuka, na mfuko wa karanga. Abiria walikuwa wanapanda, kondakta anagonga bati.

"Damari," akasema, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza kuliacha lile la dada. "Usiniite."

"Nani kasema nitakuita?"

"Ukiniita nitakuja. Hiyo ndiyo shida yenyewe. Nikishakuja sitajua kama ni mimi nimekuja au ni wimbi limenileta. Wewe pia hutajua. Utakuwa unaniangalia mezani kila siku, unajiuliza."

"Mzee Yona anasema—"

"Mzee Yona mkewe alikuwa anakuja tayari. Anaweza kusema anachotaka."

Akaniwekea karanga kiganjani, akapanda. Basi lilipita njia ya kaskazini, kituoni kwetu halikusimama. Karanga zile nilizila nyumbani, moja moja, nalia. Naliandika hivyo kwa kuwa ndivyo ilivyokuwa, na mkuu wenu akitaka kulifuta na alifute.

Baada ya hapo tuliongea kwa simu ya kazi. Vituo viwili vilipaswa kulinganisha vipimo, kwa hiyo kila wiki mmoja wetu alipiga.

"Uwele wenu umekaaje?" alikuwa akiuliza.

"Umekaa vizuri. Wenu?"

"Upepo tu. Unatusumbua."

"Hata huku upepo upo."

Halafu kila mtu anasikia mwenzake akipumua kwa pua, kuelekea kifuani, kama tulivyofundishwa, na tunakata simu. Mtu angetusikiliza angesema watu hawa wanazungumzia nafaka. Mimi siku hiyo ya simu nilikuwa naanza kuingoja tena kesho yake.

Alioa huko, mwalimu, mama mwenye tabia njema. Nilituma kitenge kizuri, na nilikichagua kwa makini kwa sababu nilitaka nionekane sina neno. Mimi sikuolewa. Wifi zangu walisema nimeolewa na sinia, na kwa vile walisema kwa kunipenda sikukasirika. Miaka ikaenda. Mzee Yona akapumzika, Mama Loi naye akamfuata. Mke wa Elia aliugua, akafariki, nami nikaenda Kondoa kwenye msiba. Nilimkuta amekaa na wanaume kwenye mkeka, ameota mvi upande ule ule niliouzoea. Nikampa mkono.

"Pole sana, Elia."

"Nimeshapoa. Asante kwa kufika, Damari."

Hapakuwa mahali pa kusema zaidi, na hata pangekuwepo, nilikuwa na neno moja tu la kumwambia, lile nililokatazwa miaka yote. Nikasogea nikawapisha wengine.

Mji nao ukabadilika, na kazi yetu ikabadilika nao. Serikali ilipohamia, Dodoma ilijaa hadithi kutoka kila kona ya nchi, na sinia langu halikupumzika. Hadithi yenye nguvu kuliko zote niliyowahi kupima haikuwa ya sungura wala ya fisi. Ni hadithi ya kiwanja. Mtu anasimulia barabara itapita hapa, soko litakuwa pale, na wanaosikiliza wanaitikia njoo kwa roho zao zote, na kweli mtaa unasimama kabla ya tofali. Nimeishi katika mmoja wa mitaa hiyo. Halafu zikaja hadithi za simu, zile za sauti zinazotumwa. Msimulizi yuko peke yake chooni, msikilizaji anaitikia kwa picha ya kidole gumba. Uwele ukisikia hadithi ya namna hiyo hutetemeka kidogo kama mtu anayetaka kupiga chafya, halafu unaghairi. Sikatai maendeleo. Nasema tu nilichokiona kwenye sinia.

Elia alistaafu mwaka jana, mimi mwezi uliopita. Mlinifanyia sherehe nzuri, mkakata keki, mkanipa kanga na sinia langu la kazi, lile lililobonyea ukingoni. Nashukuru. Mlipokuwa mnapiga makofi mimi nilikuwa nahesabu kwamba sasa nimetoka chini ya sheria, na kwamba sikuwa na kisingizio tena.

Siku ya kwanza ya kustaafu niliamka saa ya kazi, nikakaa kitandani nimevaa viatu. Nikatoka uani hapa Area D kuwaita kuku, nikisema moyoni leo nitalisema, nianze na kuku. Mdomo ukasema "sogea". Nikajaribu tena, ukasema "karibia". Kuku wakanitazama kwa huruma. Nilirudi ndani nikacheka, kisha nikaacha kucheka. Nilikuwa nimeishi na neno moja mdomoni kwa muda mrefu hivi mpaka limeota mizizi huko.

Niliogopa mambo mawili, na mnayajua kwa sababu nimeshawaeleza kesi. Niliogopa nimwite aje kwa kusombwa, nikae namwangalia mezani najiuliza. Na niliogopa zaidi nimwite asije, kama Kijivu, nijue kwamba huko aliko ana chumvi yake. Basi nikafanya kile ambacho mpimaji hufanya akiogopa. Niliamua kupima. Ningempigia simu, nianze hadithi, naye aitikie, na uwele ungeniambia. Punje zikitulia, anataka kuja mwenyewe. Zikifanya mstari, ni wimbi. Nilikuwa nimeandaa na hadithi yenyewe, ya mwanamke aliyekuwa akichambua mawe.

Ilikuwa asubuhi ya juzi. Nilifunga mapazia, nikatundika na blanketi juu yake. Nikaweka sinia mezani, nikatandaza uwele safu moja, taa pembeni, chini. Nikapiga.

"Haloo, Damari. Habari za Dodoma?"

"Njema. Uko peke yako?"

"Niko na redio."

"Izime, tafadhali."

Nikasikia redio ikizimwa. Akauliza kwa sauti ya chini, "Umefunga mapazia?"

"Nimefunga."

"Subiri na mimi nifunge."

Nikamsikia akitembea. Anaburuta mguu sasa, sikujua hilo. Nikasikia pete za pazia zikipita kwenye waya, dirisha la kwanza, la pili. Akarudi, akakaa, kiti kikalia. Akapumua kwa pua, kuelekea kifuani.

"Haya," akasema.

"Hadithi, hadithi," nikasema.

Hakujibu. Nikadhani tabia imemshika, maana naye hajaitikia hadithi ya mtu tangu ujana wake. Nilikuwa nimeinama juu ya sinia, macho kwenye punje, tayari kusoma. Ndipo akajibu. Lakini hakusema "Hadithi njoo", kama inavyoitikiwa.

Alisema, "Njoo."

Maisha yangu yote nilijiuliza kama nimwite au nisimwite. Haikuwahi kunipitia akilini, hata siku moja, kwamba naweza kuitwa mimi. Sikumbuki kusimama. Nakumbuka goti langu lilipiga meza na sinia likaenda chini kwa kelele ambayo majirani waliisikia, na uwele ukatawanyika chumba kizima, chini ya kabati, chini ya mlango, hadi jikoni.

"Damari? Nini kimeanguka?"

"Uwele."

"Ulionyesha nini?"

"Sikuwahi kusoma."

Nilijua anawaza nini, maana nami nilikuwa nawaza hilo hilo, kwamba kipimo pekee tulichokihitaji kwa kazi yetu yote kimemwagika sakafuni.

"Sasa tutajuaje kama ni wimbi?" akauliza.

"Sijui, Elia. Mimi nimeshasimama."

Mtaniuliza, enyi wataalamu, kati ya Mzee Yona na Elia nani alikuwa sahihi. Matokeo hayapo, na aliyekuwa akipima hakuwa mahali pake. Naweza kuwaambia tu jinsi ilivyo ukiwa upande ule mwingine wa neno. Huhisi kuvutwa. Unahisi miguu, yako mwenyewe, na unashangaa imekaa muda wote huo kwa ajili gani. Watu wote ambao hawakusoma elimu yetu wameitana na kuitikiana hivyo hivyo, bila sinia, na wamelala usingizi.

Basi la Kondoa linaondoka asubuhi. Nimenunua karanga. Kuku nimemwachia jirani, nikamwelekeza namna ya kuwaita, na yeye kanishangaa kwa nini namweleza jambo ambalo kila mtu analijua. Uwele bado uko sakafuni. Nitaufagia nikirudi, nikirudi.